Uzi maalumu: Hadithi fupi za Marekani za miaka hii na waandishi wake wapya

Zamu ya Usiku (mleta uzi)

Wakuu, habari za wakati huu.

Nimekuwa msomaji wa kimya wa jukwaa hili la vitabu kwa muda mrefu. Nyuzi za riwaya zimejaa, za mashairi zipo, za vitabu vya biashara ndiyo usiseme. Hadithi fupi tunaipita kama mtoto wa jirani. Leo naomba nilete nilichonacho. Uzi ni mrefu, atakayechoka apumzike arudi, nipo.

Kwanza nimefikaje huku. Mimi ni mtu wa Tanga, naishi Houston, Texas, na kazi yangu ni kulea wazee majumbani mwao. Zamu inaanza saa moja jioni mpaka saa moja asubuhi. Mzee akishameza dawa na kulala, kinachobaki ni kukaa macho, kumgeuza ubavu kila baada ya saa mbili na kusikiliza anavyopumua. Riwaya kwenye zamu ya namna hiyo haisomeki. Ukifika ukurasa wa thelathini anaamka anataka maji, ukirudi umeshasahau nani ni shemeji ya nani. Hadithi fupi unaianza baada ya kumgeuza, unaimaliza kabla hujamgeuza tena. Edgar Allan Poe aliliandika hili mwaka 1842, kwamba hadithi isomwe kwa mkao mmoja ili nguvu yake isivuje njiani. Mimi nimelijulia kwenye kiti cha plastiki pembeni ya kitanda cha mgonjwa.

Kitabu kilichonikamata kinaitwa Lot, cha Bryan Washington, kimetoka 2019. Nilikiona kwenye rafu ya maktaba ya umma, nikafungua yaliyomo, macho yakatua kwenye neno Alief. Wakuu, Alief ndiko ninakopanga. Ni kusini magharibi mwa Houston, Wavietinamu, Wanaijeria, watu wa Amerika ya Kati na sisi wengine tumebanana huko. Karibu kila hadithi ya kitabu kile imebeba jina la barabara au mtaa wa mji huu: Lockwood, Wayside, Shepherd, Navigation. Nilikuwa sijawahi kuona mtaa ninaoteremkia basi umeandikwa kitabuni.

Hadithi yenyewe ya Alief inahusu mke wa mtu aliyeanza kutembea na kijana wa Kizungu kwenye majengo ya kupanga. Haisimuliwi na mke, wala mume, wala huyo kijana. Msimulizi ni "sisi". Sisi majirani tuliowaona ngazini, tuliohesabu saa za kuingia na kutoka, tulionong'onezana. Aliyekulia nyumba ya kupanga yenye ua mmoja na bomba moja anaijua hiyo "sisi" vizuri sana. Niliposoma nikakumbuka kibaraza cha kwetu Ngamiani na kina mama wanaochambua mchele huku macho yako mlangoni kwa mwenzao. Unasoma umetulia, unafurahia umbea, halafu taratibu unagundua umbea huo una mkono wake katika yanayotokea, na wewe msomaji umekuwa mmoja wao tangu mstari wa kwanza. Mwandishi hasemi neno juu ya hilo. Anakuacha nalo.

Hapo ndipo ilipo hoja yangu. Hawa waandishi wapya wa Marekani, nazungumzia waliotoa kitabu cha kwanza kuanzia kama 2017 hivi, wana tabia ambayo mimi sikuizoea. Hawamfafanulii mgeni. Mtu anaandika jikoni kwa mama yake kana kwamba msomaji naye amekulia jikoni humo. Neno la nyumbani halitafsiriwi, desturi haiwekewi maelezo, na mwisho wa hadithi hakuna anayekuja kukwambia ulitakiwa ujifunze nini. Mwanzoni unajiona umesimama nje. Vumilia kurasa tatu, utajikuta umeshapewa kigoda.

Nitoe mfano wa karibu. Morgan Talty ni mtu wa taifa la Wapenobscot, wenyeji asilia wa jimbo la Maine, kule kaskazini mashariki karibu na Kanada. Kitabu chake Night of the Living Rez kilitoka 2022, hadithi 12, na msimulizi ni yule yule David, mara mtoto, mara mtu mzima anayeitwa Dee. Hadithi ya kufungulia ni fupi mno. Usiku wa baridi kali Dee anapita karibu na kinamasi, anasikia mtu anagumia. Ni rafiki yake Fellis. Alilewa akalala nje, na nywele zake ndefu zimegandana na theluji, hawezi kuinua kichwa. Dee anatoa kisu anamkata nywele. Halafu linakuja suala la zile nywele zilizobaki kwenye barafu, maana hazifai kuachwa pale. Zinatakiwa zichomwe.

Talty hakuweka aya ya kueleza imani ya watu wake kuhusu nywele. Na mimi sikuihitaji. Bibi yangu Pangani alikuwa akishamnyoa mtoto anazikusanya nywele zote kwenye kitambaa, anazifukia nyuma ya choo, na ole wake atakayeacha hata unywele ukipeperuka. Nilikuwa Texas, saa tisa usiku, nasoma habari za watu wa Maine ambao sijawahi kuonana nao, nikahisi harufu ya ule udongo. Angenieleza, ningebaki mtalii.

Mwingine ni Anthony Veasna So. Huyu naomba nimwandike taratibu. Alizaliwa Stockton, California, wazazi wake ni Wakambodia waliokimbia Khmer Rouge, utawala ule wa 1975 hadi 1979. Kitabu chake Afterparties kilitoka Agosti 2021. Yeye alifariki Desemba 2020, ana miaka 28. Hakukishika mkononi.

Hadithi yake iliyotoka kwanza kwenye gazeti la The New Yorker mwaka 2020 iko ndani ya duka la donati linalokesha. Wakambodia wengi wa California waliingia kwenye biashara hiyo. Mama anaitwa Sothy, ana binti wawili, Tevy na Kayley, wanalala pale dukani kwa zamu. Duka linaitwa Chuck's, na hakuna mtu anayeitwa Chuck. Mama aliona jina linafanana na Marekani, wateja wataingia. Kila mara usiku mwanaume mmoja anakuja, anaagiza andazi la matufaha, anakaa nalo mezani, haligusi, anaondoka. Basi. Mama anamtazama anaona kitu cha nyumbani, cha mume aliyewaacha. Mabinti wanajiuliza, huyu ni Mkhmer mwenzetu, yaani Mkambodia, au siye? Tevy anasoma chuo, ana insha ya falsafa anayotakiwa kuandika, na swali lake ni kama kuwa Mkhmer kunatosha kukufanya umwelewe Mkhmer mwenzako. Msichana anaandika falsafa huku anafuta kaunta.

Nilipomaliza ile hadithi nilikaa muda. Kuna swali kama hilo kila nikikutana na mtu kwenye basi la 82 nikahisi ni Mswahili. Unamtazama, unatafuta kitu usoni, unasubiri apokee simu. Akisema "haloo" tu unajua.

Nitaendelea na wengine. Nawakaribisha kwanza.

Binti wa Kilifi

Shukran sana ndugu kwa uzi huu. Mimi nafunza Kiswahili shule ya upili huku Pwani, kwa hiyo hadithi fupi nalala nayo na kuamka nayo. Wanafunzi wetu wamepitia Damu Nyeusi, wakaja Tumbo Lisiloshiba, sasa wako na Mapambazuko ya Machweo. Tatizo si hadithi zenyewe, tatizo ni swali la mtihani: "Jadili maudhui." Mtoto anasoma akiwinda dhamira. Akimaliza hajui mhusika alivaa nini.

Lakini nakupinga kidogo. Usiseme kwamba sisi tunahubiri tu. Soma Kezilahabi, Mayai Waziri wa Maradhi, uniambie mahubiri yako wapi mle. Yule waziri anaandamwa usiku kitandani kwake, na mwandishi haji kukushika mkono.

La pili, umemsahau mmoja ambaye anatuhusu moja kwa moja. Kristen Roupenian, aliyeandika Cat Person, ile hadithi ya The New Yorker ya Desemba 2017 iliyosambaa mtandaoni dunia nzima. Mwandishi huyo aliwahi kuwa mfanyakazi wa kujitolea wa Peace Corps, shirika la serikali ya Marekani, hapa Kenya. Katika kitabu chake cha 2019 kuna hadithi ya mwalimu wa kujitolea wa Kimarekani anayehangaishwa na wasichana wa darasa lake kijijini, na usiku kuna mtu anamsumbua nyumbani kwake. Jina la hadithi ni The Night Runner. Mkimbiaji wa usiku, yule anayezunguka gizani kusumbua watu majumbani mwao! Mume wangu ni mtu wa Busia, nilimsomea, akaweka chini kikombe cha chai. Kwao hilo si jambo la hadithi, ni jirani wa mtu. Ila mimi iliniacha na kinyongo, maana kijiji chote tunakiona kwa macho ya mgeni aliyeogopa. Ningetaka kumsikia mmoja wa wale wasichana.

Zamu ya Usiku

Mwalimu, umenirudi na nimepokea. Kezilahabi nilimsoma zamani nikiwa mvivu wa kusoma. Nitamrudia.

Na hiyo ya mkimbiaji wa usiku umeisema vizuri kuliko ningesema mimi. Hapo ndipo unapoona tofauti. Roupenian ana ustadi, na kwenye Cat Person anakwenda ndani kabisa ya kichwa cha msichana wa miaka 20, kila wazo la aibu analishika. Akifika kijijini anabaki mlangoni kwa mwalimu. Talty na So wako upande wa pili wa mlango. Hiyo haimaanishi mtu asiandike nje ya kwao. Inamaanisha nikiwa na usiku mmoja tu na hadithi moja tu, najua nitachukua ipi.

Sasa niendelee na Nana Kwame Adjei-Brenyah. Wazazi wake walitoka Ghana, yeye kakulia Spring Valley, jimbo la New York. Friday Black, 2018, hadithi 12. Huyu ni mkali, wakuu, na si kila hadithi yake naiweza. Zile za dukani, watu wanakanyagana hadi kufa siku ya bei za kutupwa, naona zinapiga kelele kuliko zinavyohitaji. Lakini hadithi ya kwanza siwezi kuitoa kichwani. Mzungu mmoja ameua watoto watano weusi nje ya maktaba huko South Carolina, na mahakama imemwachia. Hilo ni jambo kubwa la kutisha, mwandishi angeweza kulikalia hilo tu. Yeye anaanza na kijana anaitwa Emmanuel, asubuhi, simu inaita. Emmanuel ana kipimo kichwani cha weusi wake, moja mpaka kumi. Kwa simu, akilainisha sauti, anaweza kuushusha hadi 1.5. Ana kwa ana haiwezekani, hata akivaa tai na viatu vya kung'aa, akitabasamu muda wote na kutuliza mikono, haushuki chini ya 4.0.

Niwaambie ukweli, niliposoma ile 1.5 nilifunga kitabu. Mwezi wangu wa kwanza hapa nilipiga simu kuomba kazi kwenye kampuni moja ya kulea wazee. Nilikuwa nimefanya mazoezi ya sauti bafuni, nimeibana pua, nimeondoa Tanga yote. Wakanipa miadi. Nilipofika mapokezi, dada aliyeongea nami kwenye simu alinitazama, akatazama karatasi, akaniuliza mara mbili kama jina hilo ni langu. Kazi sikupata. Kwa miaka yote hiyo sikuwahi kuwa na neno la kile nilichokifanya bafuni. Mtu wa Spring Valley amenipa namba.

Mzee wa Hoja

Mleta uzi, heshima kwako. Lakini tusidanganyane, hawa wote ni mazao ya kiwanda kimoja. Marekani kuna vyuo vinatoa shahada ya uzamili ya kuandika hadithi. Watu kumi na mbili mezani, kila mmoja anamkosoa mwenzake mpaka makali yote yanaisha. Ndiyo maana hadithi zao zinafanana: wakati uliopo, mtu ana huzuni, anatazama dirishani, hadithi imekwisha. Mimi nimesoma mkusanyiko wao mmoja wa mwaka, wa zile "bora", nikahesabu madirisha. Babu zetu walisimulia bila shahada na watu walikuwa hawalali.

Zamu ya Usiku

Mzee wangu, shikamoo. Hoja yako ina uzito na wenyewe huko wanaibishania kila siku, kwa hiyo siipuuzi.

Kweli kiwanda kipo. Chuo Kikuu cha Iowa kilianzisha chake mwaka 1936 na mpaka leo ndicho kikongwe chao. Karibu wote niliowataja wamepita kwenye shule za namna hiyo: Adjei-Brenyah alisoma Chuo Kikuu cha Syracuse, akafundishwa na George Saunders, ambaye mwenyewe ni gwiji wa hadithi fupi. So naye alipita Syracuse hiyo hiyo. Jamel Brinkley, mtoto wa Bronx na Brooklyn, kapita Iowa, akatoa A Lucky Man mwaka 2018 na Witness mwaka 2023. Lakini hebu mzee uwaweke mezani hao watatu. Brinkley sentensi zake ni ndefu, zinatembea polepole kama mtu anayerudi kutoka mazikoni. Anachotazama ni wanaume, baba na wana, kaka na kaka, wasivyojua kushikana mikono. So anachekesha huku anakuumiza. Adjei-Brenyah anavunja dunia na kuijenga upya kila hadithi. Kama meza ni moja, basi watu walikuja nayo mizigo yao na waliondoka nayo.

Cha pili, shule zile zinawapa kitu ambacho sisi huku chini hatukisemi: muda. Vyuo kadhaa vinamlipia mwanafunzi ada na posho ya kuishi ili aandike miaka miwili au mitatu. Mimi naandika kati ya saa kumi na saa kumi na moja alfajiri, kabla ya kumwogesha mzee. Mtu akinipa miaka miwili mezani nitaichukua, madirisha nitayaangalia mwenyewe.

Na cha tatu, aliyewashinda wengi hakupitia kiwandani. Deesha Philyaw ni mzaliwa wa Jacksonville, Florida, chuo alisomea uchumi. Kitabu chake The Secret Lives of Church Ladies, hadithi tisa, kilitolewa 2020 na nani? Na kitengo cha uchapishaji cha Chuo Kikuu cha West Virginia. Huo si mlango mkubwa. Kikafika fainali ya tuzo ya taifa ya vitabu, kikachukua tuzo ya PEN/Faulkner na Story Prize. Ni wanawake weusi wa kanisani, wale wa kofia kubwa na vitambaa vyeupe, na yale wasiyoyasema kwenye ushuhuda. Nitarudi kwake, maana nina kisa changu naye.

Wengine niwataje haraka tu, kila mmoja angestahili uzi wake. Carmen Maria Machado, 2017, anayechukua hadithi za kutishia watoto na kuziweka ndani ya mwili wa mwanamke. Kali Fajardo-Anstine, 2019, wanawake wa Denver wenye asili ya Mexico na ya wenyeji wa ile ardhi. Ling Ma, 2022, mwanamke anaishi nyumba moja na wapenzi wake wa zamani mia moja, na baada ya ukurasa mmoja unaona ni kawaida. Jonathan Escoffery, 2022, familia ya Wajamaika Miami. Hadithi zake zimeshikana kiasi kwamba mwaka uliofuata ziliingia orodha fupi ya Booker, tuzo ya riwaya.

Kijana wa Buza

Mkuu nimeweka kambi hapa. Naomba PDF ya hivyo vitabu kama unazo. Pia naomba kujua, mtu wa huku anaweza kutuma hadithi yake kwenye hayo magazeti yao? Wanalipa?

Zamu ya Usiku

Mdogo wangu, PDF za kuiba sitaweka. Mtu kama Talty, aliyetolewa na mchapishaji mdogo, kila nakala inayonunuliwa ina maana kwake. Lakini zipo za halali na za bure, nyingi kuliko utakavyomaliza. Tovuti ya Electric Literature tangu 2012 inatoa hadithi moja kila wiki, chini ya jina la Recommended Reading, na mwandishi mwingine anakutangulizia kwa maneno yake. Kama bando linatosha kusikiliza, The New Yorker wana kipindi cha sauti tangu 2007: kila mwezi mwandishi mmoja anachagua hadithi ya mwenzake kutoka hazina ya gazeti, anaisoma, kisha wanaizungumza na mhariri. Mimi Kiingereza changu cha hadithi kimenyooka kwa kipindi hicho, si kwa darasa.

Kutuma, ndiyo, mtu wa Buza anaweza. Unaandika kwa Kiingereza au unatuma tafsiri. Majarida mengi yanapokea kupitia tovuti inayoitwa Submittable. Unafungua akaunti, unapakia hadithi, mengine yanatoza ada, mara nyingi dola 3. Soma masharti, kuna madirisha ya kupokea yanafunguliwa na kufungwa, na mengine hayatozi kabisa, anza na hayo. Majarida mengi yanaruhusu kutuma hadithi moja sehemu kadhaa kwa wakati mmoja, ila ikikubaliwa kwingine unawaarifu siku hiyo hiyo. Jarida la One Story, walioanza 2002, kila toleo lao ni hadithi moja tu, kijitabu unachotia mfukoni. Kila mwaka hadithi 20 zinachaguliwa kutoka majarida makubwa na madogo zinaingia Best American Short Stories, mkusanyiko unaotoka tangu 1915. Ndio huo Mzee wa Hoja aliohesabia madirisha, nadhani. Pale jina la jarida la watu wawili linakaa karibu na The New Yorker.

Malipo usiyapigie hesabu ya kodi. Mengi yanalipa kidogo, mengine nakala mbili za jarida. Na hali si nzuri. Jarida la Glimmer Train, waliokuwa wakipokea waandishi wasiojulikana tangu 1990, walifunga 2019. Jarida la Tin House nalo likafunga mwaka huo huo, ukabaki upande wa vitabu, ndio waliomtoa Talty. Machi 2024 msambazaji mkuu wa wachapishaji wadogo alifunga milango ghafla, vitabu vya watu vikakwama ghalani. Mei 2025 mfuko wa serikali wa sanaa ulifuta ruzuku za majarida na wachapishaji wengi kwa barua pepe. Watu wanaosoma hadithi za kutumwa kule wengi hawalipwi. Anatoka kazini kwake, anafungua foleni ya mamia, anasoma ya kwako saa nne usiku.

Mimi nimetuma kumi na moja. Kumi zimekataliwa. Moja kati ya hizo kumi ilirudi baada ya miezi 14, nilikuwa nimeshaisahau, na chini ya barua ya kawaida mtu alikuwa ameongeza mstari mmoja: yule mama na ndoo ya maji amebaki naye. Sijui ni nani. Nimeihifadhi ile barua kuliko cheti changu cha kazi. Hadithi ya kumi na moja bado iko kwenye foleni.

Binti wa Kilifi

Hongera ndugu, mama wa ndoo tunamsubiri. Nataka nikumbushe wenzetu jambo ambalo naona halijulikani: njia hii inakwenda pande mbili. Mwaka 2023 mchapishaji wa San Francisco, Two Lines Press, alitoa No Edges, mkusanyiko wa hadithi za Kiswahili zilizotafsiriwa kwa Kiingereza. Waandishi wanane: Kezilahabi na Katama Mkangi waliokwisha kutangulia mbele ya haki, Clara Momanyi, Fatma Shafii, Fadhy Mtanga, Lilian Mbaga, Lusajo Mwaikenda Israel, Mwas Mahugu. Mmarekani anaingia duka la vitabu anakutana na Sheng ya Nairobi iliyogeuzwa. Mtafsiri alihangaika, lakini ipo.

Swali langu kwako: hawa wa kwako wasiomfafanulia mgeni, wakitafsiriwa kwa Kiswahili watasimama? Au tutaanza kuwafafanulia sisi?

Zamu ya Usiku

Mwalimu, hilo swali ndilo linaloninyima usingizi hata siku nisiyo na zamu. Nimejaribu, na ndicho kile kisa changu na Philyaw.

Katika kitabu chake kuna hadithi inaitwa Peach Cobbler. Msichana mdogo, Olivia, anaishi na mama yake tu. Kila Jumatatu mchungaji wa kanisa lao anakuja nyumbani, na mama anampikia mapichi yaliyochemshwa na sukari, yakafunikwa unga, yakaokwa. Mchungaji anakula bakuli zima. Kisha anaingia chumbani na mama. Mtoto anasikia mama analitaja jina la Mungu kupitia ukutani, kwa hiyo kwa akili yake ya utoto yule mgeni wa Jumatatu ndiye Mungu mwenyewe. Na kile chakula, mama hamwonjeshi. Kinapikwa mbele yake, kinanukia nyumba nzima, hapewi.

Shangazi yangu yuko Tanga, ana miaka sabini na kitu, macho yamepungua, kusoma hawezi tena. Nikaamua nimsimulie kwa WhatsApp, vipande vya sauti, nikitafsiri papo hapo huku mzee wangu amelala. Nilikwama mara moja kwenye kile chakula. Nikaanza: "Shangazi, huku kuna kitu wanapika, ni kama, yaani, unachukua..." Nikajisikia mwenyewe. Nikafuta. Nikarekodi tena: "Mama alikuwa akimpikia mchungaji mapichi kila Jumatatu." Nikaenda mbele. Mapichi ya Lushoto anayajua, tanuri analijua, bakuli la mgeni lisiloguswa na watoto analijua kuliko mimi. Kanisani hajawahi kukaa hata mara moja, ni Mwislamu wa swala tano, lakini kwenye mchungaji na kile chumba hakuuliza swali hata moja. Aliguna tu, ule mguno wake mrefu.

Nilituma vipande sita. Nilipofika Olivia amekua kidogo na anatumwa nyumbani kwa mchungaji kumfundisha mwanawe hesabu, akaketi sebuleni kwa mke wa yule yule mgeni wa Jumatatu, mzee wangu aliamka, ikabidi nikate. Shangazi akanirudishia sauti ya sekunde nne. "Sasa huyo mtoto alionjeshwa au hakuonjeshwa?"

Nikamwambia nitamalizia kesho. Kesho yake sikungoja zamu ianze. Saa kumi jioni ya Houston simu iliita, huko Tanga ilikuwa saa saba usiku au saa sita, alikuwa hajalala.